Vumbi la Duka la Saa

Nilipofika Istanbul mwezi wa Septemba mwaka 2013, kila niliyekutana naye aliniitikia shikamoo ambayo sikuwa nimempa. Mlinzi wa bweni alinipokea kwa "merhaba", muuza mikate akasema "merhaba", na binti wa rika langu aliyekuwa akigawa fomu za usajili naye akaniambia "merhaba" huku akitabasamu. Nami, niliyelelewa Tanga ambako marahaba ni neno la mkubwa kumjibu mdogo wake, nikabaki kujiuliza ni lini heshima zangu zilitangulia bila mimi kuzituma. Ilinichukua wiki kadhaa kuzoea kwamba neno hilo la Kiarabu lilisafiri kaskazini likawa salamu ya kuanzia, likasafiri kusini likawa jibu. Sikujua wakati huo kwamba maneno ya namna hiyo ndiyo yangenifungulia kazi. Idara ya sanaa katika filamu ni idara ya vitu, na vitu vingi vya nyumba ya Kituruki ya zamani nilikuwa nikivijua kwa majina kabla sijavishika: sandık ni sanduku, sini ni sinia, fincan ni finjani, dükkân ni duka, karanfil ni karafuu.

Nilikuwa nimetoka Bagamoyo, kwenye Taasisi ya Sanaa na Utamaduni, ambako nilisomea sanaa za maonyesho na, kwa kuwa ni mpwa wa seremala wa Ngamiani, kila igizo lilipoandaliwa mimi ndiye niliyekabidhiwa nyundo. Ufadhili wa serikali ya Uturuki humpa mwanafunzi mwaka mzima wa kujifunza lugha kabla ya masomo yenyewe. Baada ya mwaka huo niliingia Chuo Kikuu cha Sanaa cha Mimar Sinan, kilichochipuka kutokana na shule ya sanaa iliyoanzishwa mwaka 1882 chini ya mchoraji Osman Hamdi Bey, na ambacho majengo yake ya Fındıklı yako ukingoni kabisa mwa mlangobahari wa Bosphorus. Nilisomea mandhari ya jukwaa na maleba. Ya darasani nitayaruka, si kwa dharau, bali kwa sababu yamo vitabuni, na ninayotaka kuyasimulia hapa hayamo.

Mwaka 2016 mwalimu wangu mmoja alinipeleka kwa mtu ambaye hapa nitamwita Usta tu, kama tulivyomwita sote. Neno usta lina undugu na ustadhi wetu, ila kwao halina kanzu wala kitabu. Ni fundi aliyeiva, awe seremala, makanika au mpishi wa kebabu. Usta alikuwa mwongozaji wa sanaa wa tamthilia za televisheni, na papo hapo alikuwa mwigizaji wa nafasi ndogondogo, mmoja wa wale ambao mtazamaji huijua sura yao maisha yake yote bila kulijua jina lao. Mwongozaji wa sanaa ndiye mwenye dhamana ya kila kinachoonekana kwenye picha kisichokuwa mwili wa mwigizaji: rangi ya ukuta, kitasa cha mlango, barua iliyo mezani na doa lililo kwenye barua. Akiifanya kazi yake vizuri, hakuna anayejua kwamba imefanywa.

Siku moja alinipitisha mtaa wa Yeşilçam, kule Beyoğlu, kichochoro ambacho sinema nzima ya Kituruki ya katikati ya karne iliyopita iliitwa kwa jina lake, kwa kuwa ofisi za watayarishaji zilikuwa zimejazana maeneo hayo. Alinionyesha ulipokuwa ukumbi wa Emek, uliofunguliwa mwaka 1924 na kubomolewa mwaka 2013, miezi michache kabla sijafika, licha ya maandamano ya watu wa filamu waliotaka kuunusuru. Yeye aliingia mtaa huo mwaka 1972 akiwa na miaka kumi na sita, kijana wa kutumwa chai, katika mwaka ambao Uturuki ilitoa karibu filamu 300. Kwa kasi hiyo hakuna aliyekuwa na siku za kujenga chumba. Walikodi majumba ya kando ya maji yaitwayo yalı, wakasogeza makochi, wakaanza kupiga picha. Sauti ilitiwa baadaye studioni, kwa hiyo mtu wa pembeni alimsomea mwigizaji maneno yake huku kamera ikiwa kazini. Waigizaji walikuja na nguo zao wenyewe. Na mwigizaji wa nafasi ndogo asipotokea, yeyote aliyekuwa karibu na mwenye shati safi ndiye aliyekuwa daktari siku hiyo. Hivyo ndivyo Usta alivyopata uigizaji, kwa shati. Alikuwa daktari anayetoka chumbani akitikisa kichwa, akawa mhudumu wa hoteli, akawa karani wa ndoa, kisha akavua koti la kuazima na kurudi kwenye ndoo yake ya rangi.

Mwishoni mwa miaka ya 1970 sinema hiyo iliporomoka. Televisheni ya taifa, iliyoanza kurusha matangazo mwaka 1968, iliwabakiza watu majumbani, familia zikaziacha kumbi, kisha yakaja mapinduzi ya kijeshi ya Septemba 1980. Usta alichora mabango ya maduka kwa miaka kadhaa, akapamba matangazo ya biashara, na vituo binafsi vya televisheni vilipoanza mwaka 1990 akarudi, safari hii akiwa na cheo.

Kazi yangu ya kwanza kwake ilikuwa duka la fundi saa. Tamthilia ilihusu familia moja tangu miaka ya mwisho ya utawala wa Kiosmani hadi zama za jamhuri, na ilianza kwa mjukuu kufungua duka la babu yake lililofungwa miaka kumi. Tulilijenga ndani ya kiwanda cha zamani cha ngozi na viatu huko Beykoz, upande wa Asia, ambacho siku hizi hutumika kupigia filamu. Usta na msaidizi wake walitumia siku mbili kulitia duka hilo vumbi: unga laini wa udongo uliochanganywa na majivu kidogo, ukapulizwa kwa mvukuto mdogo wa mkono na kuachwa utulie wenyewe. Mimi siku hizo mbili nilikuwa sokoni nikitafuta saa, na hakuna aliyenieleza.

Siku ya tatu nilifika kabla ya wote, saa kumi na moja alfajiri, nikiwa na ari ya mgeni anayetaka aonekane. Nikaliona duka chafu. Nimelelewa na mama ambaye mtu akipiga hodi tunashika tambara kabla ya kuitikia karibu. Basi nikachukua kitambaa, nikafuta kaunta, nikafuta vioo vya saa kumi na nne za ukutani, moja baada ya nyingine, nikamalizia na kiti. Vioo viking'aa, nikasimama kando kusubiri pongezi.

Usta aliingia, akasimama mlangoni, akatazama. Hakupaza sauti. Aliagiza chai, akaketi kwenye kile kiti nilichokifuta, akakoroga sukari muda mrefu kuliko sukari yenyewe ilivyohitaji, kisha akaniuliza kwa upole: mwenye duka amekufa miaka kumi, nani aliyekuwa akija kufuta?

Tulilirudisha vumbi kutwa nzima, na upigaji picha ukasogezwa hadi usiku, jambo ambalo mtayarishaji aliendelea kunikumbusha kwa miezi. Lakini kutwa ile ndiyo ninayoihesabu kuwa shule. Vumbi, Usta alinieleza huku akipuliza, halikai ovyo. Hulala juu ya kilicholala na huteleza kwenye kilichosimama, kwa hiyo fremu ya picha huwa nalo kwenye ukingo wa juu tu. Huwa zito zaidi pembeni, ambako upepo wa chini ya mlango haufiki. Panya hupita na kuacha njia yake. Kitu kilichochukuliwa na wadai huacha umbo lake juu ya meza. Alipofika hapo akatoa saa ya mfukoni, akaiweka kaunta, akapuliza vumbi juu yake na pembezoni mwake, kisha akainyanyua kwa kucha mbili. Ikabaki duara moja jeusi la mbao inayong'aa katikati ya weupe. Duara lile halikuwemo kwenye mswada, lakini mwongozaji wa tamthilia alipoliona aliamua kwamba mjukuu, badala ya kulia kama ilivyoandikwa, aliwekee kidole.

Sehemu iliyorudi nyuma hadi mwaka 1908 ilihitaji kibao cha duka. Uturuki iliacha herufi za Kiarabu na kuchukua za Kilatini mwaka 1928, na vijana wenzangu wa idara, wasomi wazuri kabisa, hawakuweza kusoma maandishi ya kaburi la babu wa babu yao. Kibao kilitoka kwenye duka moja la uchapaji ambako programu ya kompyuta ilikuwa imeziachanisha herufi na kuzipanga kutoka kushoto kwenda kulia, hivyo neno saatçi, yaani fundi saa, likawa kama meno yaliyong'olewa na kupangwa kinyumenyume. Waliokitundika hawakuona kasoro, kwa kuwa kwao yale yalikuwa mapambo. Mimi nilipita chini yake asubuhi nikakwama hapo hapo. Sikuwa msomi wa Kituruki cha zamani, lakini nilikaa chuo cha Kurani na ubao mapajani, na bibi yangu mzaa mama aliandikiana na dada yake wa Pemba kwa Kiswahili cha herufi hizo hizo hadi alipofariki, nami ndiye niliyekuwa nikimsomea macho yake yalipochoka. Najua kwamba herufi sini ikifuatwa na alifu huishika mkono. Haiachi mwenzake aende peke yake.

Tulikuwa na saa mbili kabla ya waigizaji kufika. Niliomba ubao, brashi na rangi ya dhahabu, Usta akanitolea picha ya mtaa wa zama zile, nami nikauiga mkono wa mwandishi wa wakati huo kadiri nilivyoweza. Haikuwa khati nzuri. Usta alisema kwamba fundi saa wa uchochoroni naye asingekuwa na fedha za kumlipa mwandishi mzuri, kisha akaniambia "eline sağlık", afya iwe mkononi mwako, maneno ambayo Waturuki humwambia aliyepika au aliyetengeneza kitu, na ambayo tangu siku ya vumbi hakuwa amenitamkia.

Kibao kilinipa heshima, ila saa ndizo zilizonipa nafasi. Hadi mwaka 1926, sheria ilipoleta kalenda ya Ulaya na hesabu yake ya saa, Waturuki walikuwa na hesabu waliyoiita alaturka: jua likizama ni saa kumi na mbili kamili, na kuanzia hapo usiku unahesabiwa moja, mbili, tatu. Mswada wetu ulisema familia inaketi kula saa moja baada ya magharibi katika majira ya joto, na mwenzangu, akifuata simu yake, alikuwa ameiweka mishale ya saa zote kumi na nne kwenye tisa kasorobo. Usta akatuuliza: adhana ya magharibi ilipoanza, saa hii ilikuwa ikionyesha ngapi? Kimya. Nikajibu kwamba ilikuwa ikionyesha kumi na mbili, na sasa inaonyesha moja.

Alinitazama kwa muda, akauliza nimeyasoma wapi. Nikamwambia sijayasoma popote. Kwetu hadi leo usiku unaanza na saa moja, na mtu akitazama saa ya mkononi iliyo kwenye saba, mdomo wake husema moja bila kushauriana na akili. Tofauti ni kwamba karibu na ikweta jua halisogei sana, hivyo saa ikishawekwa imewekwa, ilhali Istanbul machweo ya Desemba na ya Juni yanapishana kwa takriban saa tatu, na kwa sababu hiyo mishale ilipaswa kurekebishwa mara kwa mara. Misikiti mikubwa ilikuwa na muvakkithane, nyumba ya mtunza wakati, ambako wapita njia walilinganisha saa zao. Kutokana na mazungumzo yale mwandishi alimwongezea fundi saa wetu tabia moja: kila jioni, adhana ikianza, huacha alichoshika na kupita ukutani akigusa mishale. Na kuanzia wiki ile sikutumwa tena chai.

Sitaki mtu adhani kwamba kazi yote ilikuwa ya namna hii. Sehemu kubwa ilikuwa gundi na usingizi. Sehemu moja ya tamthilia ya Kituruki ina urefu wa saa mbili au zaidi, hurushwa kila wiki, na mara nyingi inaandikwa huku ile iliyotangulia iko hewani, kwa hiyo ni kama kutengeneza filamu nzima kila baada ya siku saba, na wanaopanga vyumba hulala baada ya wote na kuamka kabla ya wote. Katika tamthilia za siku hizi nilitumia saa zisizohesabika kubandika karatasi juu ya nembo za maboksi ya maziwa, majokofu na viatu, kwa sababu tangazo la kificho haliruhusiwi. Sigara nazo zikionekana hufunikwa na ukungu kabla ya kurushwa. Usta aliuchukia ukungu ule kuliko sigara zenyewe, na mwigizaji aliyelalamika kwamba bila sigara hajui aifanyie nini mikono yake alipewa tasbihi, au yai la kumenya, au soksi yenye tundu na sindano. Alisema mikono ikipata kazi, uso huacha kuigiza. Niliyachukulia maneno yale kuwa ya mtu wa vifaa anayejisifia vifaa vyake.

Nilikuja kuyaelewa nilipoingia mbele ya kamera mwenyewe. Katika filamu za zamani za Kituruki, mtu mweusi alikuwa yaya wa kuchekesha au mtumwa wa nyumbani, na hadi leo lipo neno la mtaani linalomwita kila mweusi Mwarabu. Hali hiyo ni ya ajabu ukizingatia kwamba Uturuki ina raia wake weusi, wazao wa watumwa wa zama za Kiosmani, wengi wao pande za Izmir. Hata Esmeray, mwimbaji na mwigizaji aliyezaliwa Istanbul mwaka 1949, alikuwa mmoja wao. Mwaka 2018 tamthilia moja ya ikulu ya masultani ilihitaji towashi wa harem, makazi ya wanawake wa ikulu, mtu akanikumbuka, nikapigiwa simu. Nilisitasita. Nilikubali kwa sababu mbili, ya kwanza ikiwa kodi ya nyumba. Ya pili ni kwamba watu wale hawakuwa mapambo ya mlangoni: kuanzia mwishoni mwa karne ya 16 mkuu wao, kızlar ağası, alikuwa miongoni mwa wenye mamlaka makubwa kabisa katika dola nzima, na wengi wao waliletwa wakiwa watoto kutoka upande wetu huu wa dunia, hasa Uhabeshi na Sudani. Nilifikiri kwamba nikikataa mimi ataletwa mwingine atakayekubali kutoa macho.

Na macho ndiyo waliyoyataka. Siku mbili nzima niliambiwa nisimame nyuma na kuyatoa. Siku ya tatu nilipewa tendo: kumpelekea mama wa sultani kisanduku cha vito kilichotumwa na waziri. Kisanduku kilikuwa kizuri, kimenakshiwa vizuri kuliko ambavyo mimi ningeweza, na ndani kilikuwa kitupu. Nilitembea nacho, nikainama, nikakiweka, na niliporuhusiwa kutazama picha kwenye kiwambo nikaona aibu. Kilikuwa kinaelea. Mikono yangu ilikuwa imebeba karatasi, mabega yangu yakalijua hilo, na uso, kwa kukosa la kufanya, ukawa unatoa macho wenyewe bila kuagizwa. Nikamwomba kijana wa vifaa atafute misumari. Alileta kilo tatu hivi, tukazifunga kwenye kitambaa zisipige kelele, tukazitia ndani. Katika mzunguko uliofuata ilinibidi nipime hatua, nikiangalia ukingo wa zulia, nikiinama kwa magoti badala ya kiuno, na nilipokitua mezani kikatoa sauti nzito iliyomfanya mwigizaji mwenzangu atazame kisanduku kabla ya kunitazama mimi. Mwongozaji hakunikumbusha macho tena.

Tangu siku hiyo hakuna chombo kitupu katika chumba ninachokipanga. Masanduku ya safari yana vitabu, birika lina maji ya moto, barua zimeandikwa hadi mwisho hata kama kamera itaona bahasha tu. Waandalizi wa bajeti hunilalamikia, na wana haki yao.

Kuunganisha kazi hizi mbili, sanaa ya filamu na uigizaji, si jambo geni huko. Ebru Ceylan aliongoza sanaa ya filamu ya Üç Maymun ya mwaka 2008 na kushiriki kuiandika, na miaka miwili kabla yake alikuwa ameigiza nafasi kuu katika İklimler pamoja na mumewe Nuri Bilge Ceylan, aliyeiongoza. Duygu Sağıroğlu alianzia kwenye mandhari kabla ya kuongoza filamu zake mwenyewe miaka ya 1960. Tamasha la filamu la Antalya hutoa tuzo ya mwongozaji bora wa sanaa; Usta hakuwahi kuipata, na alisema, kwa uchungu alioujaribu kuufanya mzaha, kwamba majaji huzawadia makasri, hawazawadii vumbi. Nimefanya kazi na waliosomea uchoraji wa mandhari peke yake, hodari kuliko mimi mara kumi kwa penseli, na vyumba vyao vinapendeza ukivitazama kutoka mlangoni. Mwigizaji akiingia ndipo balaa huanza: kitanda hakikaliki, bomba halitoi maji, na droo, ile tuliyoizoea nyumbani kwa jina la mtoto wa meza, haifunguki kwa kuwa ni ubao uliopigwa misumari mitatu na kutiwa kitasa. Mtu anayelipwa kuishi mle ndani hugeuka mgeni, anakaa ncha ya kiti kama aliyekuja kuposa.

Narudi kwenye duka la saa, kwa kuwa namna lilivyoisha sijaisimulia. Tulipokaribia sehemu za mwaka 1926, mwaka ambao hesabu mpya ya saa inamtia fundi wetu katika fadhaa, mzee aliyekuwa akiigiza nafasi hiyo aliugua. Mwandishi akabuni shemeji yake fundi, aje kushika duka, na nafasi akapewa Usta, ambaye shati lake, kama kawaida, lilikuwa safi. Wiki nzima kabla ya hapo alikuwa ameniagiza nijaze droo ya kaunta, ingawa mswada ulisema tu kwamba fundi anachukua spiringi. Nilijaza spiringi kwa ukubwa wake, vioo vilivyovunjika, koleo ndogo, mishale isiyo na saa, risiti nilizoziandika kwa mkono wangu, na mwisho, kwa kuona pembe moja bado tupu, nikatia karafuu chache zilizofungwa kwenye kipande cha gazeti, kutoka kwenye kifurushi ambacho mama mdogo alinitumia kutoka Tanga kwa ajili ya pilau.

Kamera ilipoanza, Usta alivuta droo kwa mkono wa kushoto bila kuitazama, kama mtu aliyeivuta miaka thelathini, akatia vidole. Vikakutana na gazeti. Akasita. Akalifungua kwa kidole gumba, akachukua karafuu moja, akaiweka baina ya meno ya upande, kisha akaendelea kutafuta spiringi yake huku akitafuna polepole na kuusikiliza ugomvi uliokuwa ukiendelea mlangoni, kama vile ndivyo anavyousikiliza kila siku. Hakuna aliyesema neno hadi ilipoitwa "kestik", tumekata. Waturuki wa zamani nao walitafuna karafuu kusafisha kinywa, lakini mimi sikujua hilo wakati nikiziweka. Nilikuwa najaza pembe tu.

Wiki nne baadaye tamthilia ilikatwa kwa sababu watazamaji walipungua, kama zinavyokatwa nyingi, na kampuni ikatubakia na deni la wiki tatu ambalo halijalipwa hadi leo. Waigizaji walikuwa na chama chao tangu mwaka 2011. Mimi sikuwa mwanachama wa chochote, nikapiga simu hadi nambari ikabadilishwa. Duka lilivunjwa kwa siku moja. Nilichukua kibao.

Mwaka 2022 nilirudi Tanga likizo na kumkuta mama mdogo sebuleni na majirani wawili, wakitazama tamthilia ya Kituruki iliyotiwa sauti za Kiswahili, na kabla sijaketi nikaijua kaunta. Usta, ambaye katika miaka yote ile nilimfundisha neno moja tu la Kiswahili, shikamoo, alikuwa akiongea kama kijana wa Kariakoo. Nilisubiri kwa hamu maneno ya saa. Adhana ikasikika nyuma ya dirisha, mwanga ukawa wa machweo, mkewe akauliza saa ngapi, na Usta kwa Kituruki alisema kumi na mbili, kama ilivyoandikwa. Mfasiri, kwa mazoea yake ya kuongeza saa sita kwenye kila saa ya kigeni, akamsemesha sita. Saa sita, na magharibi inaadhiniwa! Katika lugha zote ambazo tamthilia ile ingeweza kutafsiriwa, hii ni miongoni mwa chache ambazo hazikuhitaji kugusa mshale, na ndiyo iliyougusa. Nilipiga kelele, majirani wakanitazama kwa huruma.

Mama mdogo hakujali saa. Alikuwa ameinama mbele, akitazama kwa makini sehemu ya mwanzo iliyorudiwa kama kumbukumbu, mjukuu akiwa mlangoni na funguo mkononi.

"Watu wana duka zuri hivi," akasema, "hata tambara hawana?"

Nilimtafsiria Usta maneno hayo usiku ule ule kwa ujumbe wa simu. Jibu lake nililikuta asubuhi: nimwambie mama mdogo kwamba mimi nilishafuta.